Mchezo Dirishani

Wapo watu ambao kwao mchezo wa kompyuta usiojaza skrini nzima si mchezo. Hudai kwamba mwenye kuuweka katika dirisha dogo, huku pembeni yake kukiwa na barua, hesabu na saa, ni sawa na mtu aliyekwenda ngomani akasimama mlangoni: hakuingia wala hakurudi nyumbani. Dai hilo lina ukweli ndani yake, na bwana mmoja wa Malindi, mjini Unguja, aliliamini kwa miaka mingi. Sasa ni mtu mzima, ndevu zimeanza kuchanganya, na kila usiku baada ya isha hucheza mchezo ule ule alioujua ujanani. Ila hauruhusu kuvuka mipaka ya dirisha lisilozidi sana kiganja cha mkono.

Mchezo wenyewe ni Prince of Persia, uliotungwa na Mmarekani Jordan Mechner na kutolewa mwaka 1989. Msomaji aliyelelewa kwa hadithi za Alfu Lela Ulela hatauona mgeni. Kuna kasri, kuna waziri dhalimu aitwaye Jaffar, kuna binti mfalme aliyefungiwa chumbani na kupewa saa moja ya kuamua, ama aolewe na waziri ama afe. Na kuna kijana aliyetupwa gerezani, chini kabisa ya kasri, mwenye dakika 60 tu za kupanda hadi juu kumwokoa. Kijana huyo amevaa nguo nyeupe na hukimbia kama binadamu hasa, kwa sababu Mechner alimpiga video mdogo wake akikimbia na kuruka, kisha akamchora kwa kuzifuata picha zile moja baada ya moja. Ndiyo maana akiangukia miiba ya chuma, mwenye kucheza hujikunja kitini kana kwamba imemchoma yeye.

Enzi hizo suala la dirisha halikuwapo. Mfumo wa DOS uliendesha programu moja kwa wakati mmoja, na programu hiyo ikaumiliki uso wote wa skrini. Picha ya nukta 320 kwa upana na 200 kwa wima ilitandazwa kwenye kioo kilichobenuka kama tumbo la chungu, na nje yake hapakuwa na kitu: hapakuwa na saa, hapakuwa na barua ya kusubiriwa. Baadaye, Windows 3.0 ilipotoka mwaka 1990, ulikuja nayo mchezo wa karata uliozaliwa dirishani, na makarani wa dunia nzima waliitambua upesi faida yake, kwani hatua za mkubwa zikisikika ukumbini, karata hushushwa na hesabu zikapandishwa. Lakini michezo mikubwa haikutaka heshima ndogo kama hiyo. Mwaka 1995 Microsoft ilitoa DirectX, ambayo, pamoja na mengine, iliupa mchezo haki ya kuishika skrini peke yake na hata kuibadilisha idadi ya nukta zake. Kulikuwa na sababu ya maana: mashine zilikuwa dhaifu, na nguvu ya kuchora vitu ambavyo mchezaji havitazami ilikuwa nguvu iliyopotea. Aliyethubutu kutoka katikati ya mchezo kwa kubonyeza Alt na Tab aghalabu aliambulia skrini nyeusi, na mchezo usirudi tena.

Bwana wa Malindi aliupata mchezo huo mwaka 1996, katika chumba cha nyuma cha duka la mjomba wake, kwenye kompyuta iliyonunuliwa kwa ajili ya kuandikia ankara. Alikuwa na miaka 15. Duka likifungwa yeye hubaki, feni ikimpulizia mgongoni, na kwa dakika 60 hapakuwa na Darajani wala Unguja. Jioni moja baba yake, aliyekuwa na safari ya Pemba kwa meli ya usiku, alipitia dukani kumuaga. Alisimama mlangoni na mkoba wake. Akaita mara moja, kwa sauti ya kawaida. Kijana alikuwa ukingoni mwa shimo, vidole juu ya vitufe, akajibu, "Ngoja kidogo, baba." Alipogeuka, mlango ulikuwa mtupu, na meli ilikwishang'oa nanga.

Hapana msiba uliofuata. Baba alirudi baada ya wiki mbili, mzima, na kapu la machungwa. Wala hakukaripia. Ila kila palipokuwa na wageni barazani na mazungumzo yakafika kwenye habari za vijana na mashine zao, alipenda kusema, huku akicheka, "Mimi huyu nilimuaga mgongo." Watu wakicheka, na kijana akicheka pamoja nao. Aliendelea kuisema hata kijana alipokwishaoa. Mwaka 2011 baba alifariki, na mzaha ule ukabaki bila mtu wa kuusema, jambo ambalo liliuzidisha uzito.

Miaka miwili iliyopita mama yake alipatwa na kiharusi kilichomlegeza upande wa kulia na kuukata ulimi wake katikati ya maneno. Mchana humwangalia dada, usiku ni zamu ya mwana. Zamu hiyo ina ratiba: dawa saa nne za usiku, dawa saa kumi alfajiri, na baina ya hizo kumgeuza ubavu kila baada ya saa mbili ili asipate vidonda vya kulalia. Mwana hufanya kazi ya hesabu za maduka, na ili asipoteze usiku aliileta kompyuta chumbani mwa mgonjwa. Bahati mbaya soketi ya umeme iko kwenye ukuta unaokabili kitanda. Meza haikuwa na mahali pengine pa kukaa, na aliyeketi mezani hana budi kumpa mama mgongo.

Hesabu zikichosha, mkono huutafuta mchezo wa zamani. Kuna programu iitwayo DOSBox, iliyotoka mara ya kwanza mwaka 2002, ambayo huiigiza mashine ya DOS ndani ya mashine ya leo. Yeyote aliyeifungua anajua kwamba hufungua dirisha lenye nukta 640 kwa 400, na katika skrini ya nukta 1920 kwa 1080 dirisha hilo halichukui zaidi ya sehemu moja ya nane ya uso wote. Ukibonyeza Alt na Enter kwa pamoja, linatanuka na kujaa skrini. Ukibonyeza tena, linarudi. Usiku wa kwanza alilitanua bila kufikiri, kwa mazoea. Alipojitambua, saa iliyo pembeni mwa skrini, ambayo mchezo ulikuwa umeifunika, ilisoma 22:40, na kikombe cha dawa kilikuwa kimekaa mezani kwa dakika 40. Mama alikuwa macho. Hakuita, au pengine aliita kwa ulimi ule, na feni ikamshinda.

Tangu usiku huo mchezo ukakaa dirishani. Saa ikabaki wazi, na ratiba ya dawa, aliyoiandika kwa herufi kubwa, ikakaa upande wa kushoto. Kisha akagundua jambo ambalo watengenezaji wa skrini bila shaka hawakulikusudia. Aliweka usuli mweusi nyuma ya madirisha yote, na weusi ule, kwa kuwa kioo cha skrini yake hung'aa, ukawa kama kioo cha kujitazamia: taa ndogo ya kitandani ilionekana ndani yake, na chandarua, na mkono wa kushoto wa mama juu ya shuka. Mkono ukiinuka aliuona. Akicheza alikuwa na kijana wa nguo nyeupe katikati na mama yake pembeni, wote wawili kwenye kioo kimoja.

Isidhaniwe kwamba hakupoteza kitu. Mchezo wa dirishani ni mchezo uliopungua. Lile gereza lililokuwa na giza na mwangwi likawa kama picha ya stempu. Jicho hukimbilia kwenye saa, masikio yako kitandani, na kijana huanguka mashimoni kwa makosa ambayo mtoto wa miaka 15 asingeyafanya. Tena mchezo hausubiri. Mchezaji akihamia dirisha la hesabu, kule kasrini dakika zinaendelea kukatika, isipokuwa akumbuke kwanza kubonyeza Esc. Usiku mmoja alisahau. Alimgeuza mama, akamnywesha maji, akatandika upya shuka, na aliporudi alimkuta kijana amesimama pale pale alipomwacha, mikono chini, na dakika 11 zimekwenda. Wenye kusema kwamba raha ya mchezo ni kuusahau ulimwengu hawakosei. Yeye aliijua raha hiyo, na kuna nyakati aliitamani kwa uchungu ambao asingethubutu kumwambia dada yake, kwani nani angemwelewa mtu mzima anayelilia nukta 320 kwa 200 na mama yake kalala?

Siku hizi michezo mingi huja na chaguo la tatu, yaani dirisha lisilo na ukingo, ambalo hujaza skrini lakini likakuwezesha kutoka na kurudi bila madhara. Vijana wa mtaani walimshauri alitumie. Hakulitaka. Ukingo kwake ndio uliokuwa na faida, ule mstari mwembamba wenye jina la programu juu yake, unaoonyesha mchezo unaishia wapi.

Mwezi wa Rajabu uliopita, usiku wa manane, alisikia sauti nyuma yake. Katika kioo, mkono wa kushoto ulikuwa umeinuka na kidole kimenyooka.

"Lebeka, mama."

Neno lilichukua muda kutoka. "Mkuze."

Hakufahamu. Alidhani anaota, au anamtaja mjukuu. Mama akarudia, kidole kikielekea kwenye skrini, "Huyo. Mtoto. Simwoni. Mkuze."

Kumbe siku zote hizo alikuwa akitazama. Kutoka kitandani, juu ya bega la mwanawe, alikuwa akiifuata nukta nyeupe ikikimbia katika kibao chenye ukubwa wa stempu, asijue ni nini, na akingoja ulimi umruhusu kuuliza.

Bwana yule aliinuka. Akaivuta meza mpaka waya ulipofika mwisho, akaigeuza ubavu, akaileta skrini upande mmoja na kiti chake upande wa pili, kando ya mto wa mama, kibodi mapajani. Akabonyeza Alt na Enter. Gereza likajaa kioo kizima. Saa ikafunikwa, ratiba ikafunikwa, na chandarua kikatoweka. Kwenye simu yake alitega kengele ya saa kumi, akaiweka juu ya shuka baina yao.

Kijana wa nguo nyeupe alikimbia, akaruka, akakosa ukingo, akaangukia miiba. Mama akafyonza.

"Polepole," akasema. "Polepole na mtoto wa watu."

Akaanza upya, na safari hii akakishikilia kitufe cha Shift, ambacho humfanya kijana aende kwa ncha za vidole, hatua moja, kisha nyingine, mpaka kwenye mdomo wa shimo.