Njaa ya Mwaka wa Kuhama

Wazee wa Kisarawe tukiitaja njaa ya 1974, vijana hudhani ni mvua tu. Mvua kweli ilitutupa; mahindi yalikauka yakiwa kimo cha goti. Lakini Mzaramo, mwenyeji wa huku, hakuyategemea mahindi peke yake. Tulikuwa na muhogo ardhini, nao huvumilia jua. Bahati mbaya ukame ulitukuta katika Operesheni Pwani, ile ya kuwakusanya watu vijijini. Tangu Novemba 1973 ilikwishatangazwa kwamba kuishi vijijini ni lazima, nasi tukahama, tukaacha mahameni muhogo, mikorosho na makaburi ya wazee. Kijijini tukapewa kiwanja cha mchanga. Kule nyuma nguruwe na ngedere wakajilia watakavyo.

Redioni wimbo ulikuwa kampeni ya Kilimo cha Kufa na Kupona. Bibi akasikiliza, akacheka: "Kupona kwenyewe tumekuacha kule."

Ukaja unga wa mahindi ya njano kutoka ng'ambo. Tuliuita Yanga, kwa rangi ya timu hiyo ya soka, na mashabiki wa mahasimu wao Simba waliula vilevile, tena kwa kupanga foleni. Ulipokwisha, wanawake wakaingia porini kuchimba ndiga, kiazi cha mwituni.

Ndiga si chakula cha kukurupukia. Ina sumu, isipooshwa sawasawa huleta kizunguzungu, na huweza kuua. Bibi aliimenya, akaikata vipande vyembamba, akavianika. Kisha vilitakiwa kulazwa majini siku kadhaa, maji yanayopita, na kisima chetu kilikuwa kinatoa tope. Basi mama akabeba gunia mpaka Mlandizi, upande wa Kibaha, kwa mjomba aliyelima mpunga bonde la Ruvu. Mpunga wake nao ulikwishakauka, lakini mto ulikuwepo. Vikapu vya ndiga vikafungwa kwenye mizizi ukingoni, mjomba akivilinda usiku. Viliporudi, Bibi alipika kidogo, akaonja peke yake, akakaa kitako hadi alasiri. Sisi watoto tukimtazama usoni tu.

Masika iliponyesha vizuri, kijiji kizima hakikuwa na vijiti vya muhogo vya kupanda. Watu wakaanza kurudi mahameni kimyakimya, alfajiri, wakakuta mashina machache yaliyosazwa na nguruwe yamechipua. Bibi alirudi na mzigo kichwani. Majirani walipokuja kuomba mbegu hakumnyima mtu, ila kila mmoja alimwambia: "Chukua, mwanangu, lakini kesho twende wote tukapalilie kule."

Wakaenda, hata balozi wa nyumba kumi.