Ndugu Wawili, Kompyuta Mbili



Wapendwa waamini, juma hili naomba niwaandikie juu ya jambo ambalo baadhi yenu mtaliona dogo, hata la kitoto, lakini mimi limenifundisha mengi kuliko nilivyotarajia. Ni habari ya mchezo wa kompyuta, ule ambao vijana wetu huuita gemu. Naiandika pia kwa sababu kosa lililotokea lilikuwa langu, na aliyeumia kwa kosa hilo ni mtoto.

Katika ofisi ya parokia yetu hapa ufukweni mwa Ziwa Nyasa ipo kompyuta ya zamani, ambayo Jumamosi na Jumapili jioni huwaachia watoto waitumie. Ndani yake mna mchezo uitwao OpenTTD. Mchezo huo hutolewa bure tangu mwaka 2004, ukifuata mfano wa Transport Tycoon Deluxe, kazi ya Mskoti Chris Sawyer ya mwaka 1995. Hauhitaji intaneti, wala haudai kompyuta yenye nguvu. Mchezaji hukabidhiwa nchi yenye miji, migodi na maji, pamoja na mkopo wa benki. Naye hujenga barabara, reli na bandari, hununua malori na meli, akasafirisha abiria na mizigo mwaka baada ya mwaka. Kalenda yake kwa kawaida huanzia mwaka 1950, na mwaka mmoja wa mchezo hupita kwa muda usiofika robo saa.

Wapo ndugu wawili wanaoupenda sana mchezo huo. Mkubwa yuko kidato cha pili mjini Mbinga, anakaa kwa baba yao mdogo. Mdogo yuko darasa la sita, anaishi hapa ziwani na bibi yao. Kabla ya kutengana walikuwa wameanzisha kampuni moja ya usafirishaji ndani ya mchezo huo, na vituo vyake wakavipa majina ya kwao: Lituhi, Liuli, Mbamba Bay. Mkubwa alipoondoka walinijia na ombi. Mjini Mbinga, katika ukumbi wa vijana, ipo kompyuta nyingine yenye mchezo uleule. Je, Padre anapopanda Mbinga kwa mikutano, angeweza kuwabebea faili lao katika flashi?

Nilikubali. Toka Mbamba Bay hadi Mbinga ni kilomita zipatazo 66 za lami, ukiacha mitumbwi na vichanja vya dagaa na kupanda hadi kwenye milima ya Umatengo yenye ngolo na mibuni. Kubeba flashi mfukoni hakukunigharimu kitu. Vijana wenyewe waliweka kanuni, nami nikaistaajabia: mwenye flashi ndiye mwenye zamu. Walielewa kwamba faili la mchezo ni hali ya nchi nzima kwa wakati mmoja, kila lori liko wapi na kila shilingi iko kwa nani. Wawili wakicheza kwa wakati mmoja, kila mmoja kwake, zitazaliwa nchi mbili, na hakuna awezaye kuchukua bandari ya nchi hii na daraja la nchi ile akaviunganisha kuwa nchi moja.

Basi kwa miezi kadhaa mambo yalikwenda vizuri. Kisha yakapita majuma matano nisiende Mbinga. Mdogo aliendelea kucheza hapa ziwani, naye kaka yake alimruhusu kwa simu ya bibi. Flashi ilikaa mezani pangu ikiwa na nakala ya zamani, ya mwaka 1962 wa mchezo, wakati ndani ya kompyuta kampuni yao ilikuwa imekwisha kufika 1979.

Siku ya safari ilipofika mtoto alikuwa shuleni, nami nilikuwa na haraka. Nikachomeka flashi, nikafungua folda, nikakuta mafaili mawili yenye jina moja. La kwenye flashi lilionyesha tarehe ya mwezi uliopita. La kwenye kompyuta lilionyesha tarehe 1 Januari 2009. Nikajiambia: lililo jipya ndilo sahihi, na hili la 2009 bila shaka ni takataka. Nikalinakili la flashi juu ya lile la kompyuta. Kompyuta iliniuliza kama nina hakika. Nikajibu ndiyo.

Nilichokuwa sikijui ni hiki. Ndani ya kompyuta kuna betri ndogo ya duara, mfano wa sarafu, inayoifanya saa iendelee kutembea hata umeme ukizimwa. Betri yetu ilikuwa imekufa. Tangu hapo, kila kompyuta ilipowashwa ilijirudisha kwenye tarehe 1 Januari 2009, na kila kilichohifadhiwa kilipigwa muhuri wa siku hiyo. Faili lililoonekana kongwe ndilo lililokuwa jipya. Nilikuwa nimefuta kazi ya majuma matano ya mtoto, nikaifuta kwa mkono wa mtu anayetaka kusaidia.

Nilipomwita jioni nikamweleza, hakulia. Alisema tu, "Sawa, Padre," akaaga, akaenda zake. Jumamosi hakuja, wala Jumapili. Bibi yake aliniambia baada ya Misa kwamba katika miaka ile iliyofutwa alikuwa amejenga bandari, akaipa jina la bibi, akiificha ili kaka yake aikute mwenyewe kama zawadi. Ndugu zangu, nimewahi kuhubiri mara nyingi juu ya kuwajali walio wadogo. Siku ile nilikaa ofisini nikiwa sina la kuhubiri.

Nilimpigia kaka yake nikamwomba radhi. Akanyamaza kidogo, kisha akauliza, "Padre, umeangalia folda ya autosave?" Kumbe mchezo huo, bila kuombwa, hujihifadhia nakala kila baada ya muda. Kwenye kompyuta yetu kulikuwa na nafasi 16 za nakala hizo, na zikijaa, mpya huandikwa juu ya za zamani. Zilikuwapo, ila watoto wengine walikuwa wamecheza michezo yao baadaye na kuzikalia nafasi nyingi. Tena zote zilikuwa na tarehe ileile ya 1 Januari 2009, hivyo tarehe haikutuambia lolote.

Nikamfuata mtoto nyumbani kwao, nikamwomba msamaha mbele ya bibi yake, nikamsihi aje tutafute pamoja. Tulizifungua nakala moja baada ya nyingine, tukasoma mwaka wa mchezo wenyewe: 1953, ya watoto wengine, 1951, ya wengine, 1973, ya kwao, 1975, ya kwao. Hapo tukakomea. Majuma mengi yaliokolewa. Miaka minne ya mwisho, na bandari ya bibi ndani yake, haikupatikana. Mtoto aliitazama skrini, akasema, "Nitaijenga tena. Ila sasa haitakuwa siri."

Baadaye nilisoma kidogo, nikakuta kwamba tatizo letu lina heshima yake katika elimu ya kompyuta. Mwaka 1978 Mmarekani Leslie Lamport aliandika makala mashuhuri kuhusu wakati na saa miongoni mwa kompyuta zilizo mbalimbali. Alionyesha kwamba, ili kujua tukio lipi limetokana na lipi, si lazima kutegemea saa ya kila kompyuta, kwa kuwa saa hutofautiana. Kila kompyuta na ihesabu matukio yake, itume hesabu hiyo pamoja na kila ujumbe, na anayepokea aendelee kutoka kwenye hesabu iliyo kubwa zaidi. Ndivyo tulivyofanya sisi bila kujua, tulipoacha tarehe ya faili na kuufuata mwaka ulioishi ndani yake.

Walio na intaneti ya kutosha wana njia nyepesi zaidi. Kampuni ya Valve ilianzisha Steam Cloud mwaka 2008. Huchukua mafaili ya michezo inayoikubali na kuyapeleka kwenye kompyuta nyingine za mchezaji, na nakala mbili zikigongana humwuliza mchezaji achague. Ipo pia Syncthing, programu ya bure iliyoanza mwaka 2013, inayosawazisha folda baina ya kompyuta bila kuweka mafaili kwa kampuni yoyote. Faili likibadilishwa pande zote mbili, moja hubaki na jingine hupewa jina jipya ili lisipotee. Lakini kusawazisha si kuweka akiba. Ukifuta kwa makosa upande mmoja, chombo kilekile chepesi hulipeleka kosa lako upande wa pili.

Sisi wa flashi tumejiwekea utaratibu wetu. Tumenunua betri mpya ya saa. Kila nakala hupewa namba, na jina halirudiwi: ya 41 haiandikwi juu ya ya 40. Lipo daftari linalosafiri na flashi, ambamo kila mmoja huandika namba, mwaka wa mchezo na nani alicheza. Mchezo wenyewe tumehakikisha ni wa toleo moja pande zote mbili, kwa sababu toleo jipya hufungua mafaili ya zamani, ila la zamani haliwezi kufungua ya jipya. Na Padre hafuti kitu pasipo mwenyewe kuwapo.

Nilipokuwa nikichora mistari ya daftari hilo nilicheka peke yangu, maana kabatini nyuma yangu kulikuwa na kitabu cha ubatizo. Jimbo letu la Mbinga lilizaliwa mwaka 1986 kutoka Songea, na waamini wetu wametawanyika kote nchini. Aliyebatizwa huku akifunga ndoa mbali, paroko wa huko anapaswa kutuletea taarifa, nasi tunaiandika pembeni mwa jina lake. Ndivyo Sheria ya Kanisa inavyoagiza katika kanuni ya 535 na ya 1122. Hatufuti mstari wa kwanza. Tunaongeza. Kwa hiyo kanuni iliyonishinda kwenye flashi nilikuwa nimeapa kuitunza kwenye kitabu tangu nilipokabidhiwa parokia. Kumbe niliyaheshimu maisha ya watu kwenye kitabu kikubwa, nikayadharau yalipokuja katika umbo la mchezo.

Wazazi na walezi, nawaomba jambo moja. Simu ikijaa, msifute michezo ya watoto kabla ya kuwauliza. Pengine mnachokiona kama upuuzi ndipo mahali pekee ambapo ndugu wawili bado wanaishi nyumba moja.

Juma lililopita flashi ilirudi kutoka Mbinga. Nakala ya 46, mwaka 1983. Bandari ya bibi imejengwa upya, na kaka mtu ameitia meli mbili.

Nawatakieni juma jema. Mungu awabariki.

Paroko wenu