KIPA ALIYEFUNDISHWA KUOGELEA ILI ASIZAME TU

Stori ya huyu dada haianzi na medali. Inaanza na hofu ya mama.

Mama mwenyewe ni nesi, asili yake Jamaica, makazi kusini mwa Miami, Florida. Analea watoto watano peke yake. Nyumba wanayokaa ina bwawa la kuogelea. Sasa piga picha: watoto watano, mama yuko zamu, maji yako hatua chache kutoka mlangoni. Mama akaona dawa ni moja, wote wakafundishwe kuogelea. Hakuna aliyekuwa anawaza Olimpiki hapo. Alichotaka ni kutoka kazini, kufika nyumbani, kuhesabu watoto na kuwakuta bado ni watano.

Mmoja wao ni binti aliyezaliwa Septemba 1994. Jina liachwe, wanaofuatilia Olimpiki watakuwa washamjua, na wasiomjua watamjua kwa alichofanya.

Kabla ya kumfikia, kuna jambo la hapohapo Florida linabidi lisemwe, maana bila hilo mtu anaweza kudhani hii ni stori ya mtoto tu aliyependa maji. Juni 1964, mji wa St. Augustine, waandamanaji weusi na weupe waliruka pamoja kwenye bwawa la hoteli moja iliyokuwa ya weupe tu. Meneja wa hoteli akachukua asidi akaimwaga kwenye maji watu wakiwa ndani. Picha zake zipo, zilizunguka dunia nzima. Miaka 30 tu kabla huyu binti hajazaliwa, jimbo hilohilo! Mabwawa ya umma sehemu nyingi za Marekani yalikuwa yanafungiwa weusi, na miji mingine iliona bora ifukie bwawa kuliko kuogelea pamoja. Bibi asipofundishwa, mama hafundishwi, na mtoto naye anakua anaogopa maji. Ndiyo maana mpaka leo watoto weusi wa kule wanazama kwenye mabwawa kwa wingi kuliko weupe. Kwa hiyo mama nesi hakuwa anazidisha woga. Alikuwa anajua anachokiogopa.

Basi binti akaingia majini, akaogelea, halafu akakutana na mpira. Mchezo unaitwa wota polo. Kwa ambao hawajawahi kuuona: kila timu ina watu saba majini, robo nne za dakika nane nane, na kukanyaga chini hakuna. Yaani mechi nzima unaelea kwa kuzungusha miguu, mmoja huku mwingine kule, wenyewe wanafananisha na mashine ya kupigia mayai. Wachezaji wa ndani wanashika mpira kwa mkono mmoja tu. Juu ya maji unaona wanarushiana mpira kistaarabu, chini ya maji wanavutana nguo, wanapigana mateke, wanakwaruzana, refa haoni. Ni ugomvi wa kwenye foleni ya maji, ila ndani ya maji yenyewe.

Yeye akawa kipa. Lango lina upana wa mita 3 na kimo cha sentimita 90, na kipa anatakiwa ajirushe kutoka majini mpaka kiunoni, mikono yote juu, bila kuwa na kitu cha kukanyagia. Watu wanaona kudaka tu. Kazi iko miguuni.

Akawa mzuri kuliko kawaida, na hapo ndipo mambo yalipoanza kuwa magumu. Wota polo ya Marekani ni California. Ubingwa wa vyuo wa wanawake, tangu ulipoanza mwaka 2001, haujawahi kutoka nje ya jimbo hilo. Timu ya taifa nayo inafanya mazoezi hukohuko. Ukitaka kuwa mtu kwenye huu mchezo unafungasha unahamia, mjadala umeisha. Dada akachagua Princeton, chuo kiko New Jersey upande wa pili kabisa wa nchi, na vyuo vya ligi yake havitoi udhamini wa michezo hata senti. Akasoma saikolojia, akadaka mipira, na mdogo wake wa kike naye akaja kucheza timu hiyohiyo. Wito wa timu ya taifa ulipokuja alisita. Kuacha chuo, kuacha familia, kwenda kuishi mahali ambapo kwenye bwawa zima hakuna anayefanana na wewe, siyo uamuzi wa kufanya huku unakula chipsi. Mwishowe akasimamisha masomo kwa mwaka mmoja ili ajiandae na Rio. Huyo siyo mtu aliyelewa ndoto. Ni mtu aliyekuwa na maisha mengine na alikuwa hataki kuyapoteza.

Rio 2016, akiwa na miaka 21, akawa mwanamke mweusi wa kwanza kuchezea Marekani wota polo kwenye Olimpiki. Kwenye mashindano yote aliokoa michomo 51. Fainali, Agosti 19, Italia walipigwa 12-5, dhahabu. Siku chache kabla, mwenzake mweusi wa upande wa kuogelea alikuwa ameshinda mita 100 na kuwa mwanamke mweusi wa kwanza wa Marekani kupata dhahabu ya Olimpiki ya mtu mmoja mmoja kwenye kuogelea. Maji yaleyale ambayo watu walikuwa wanamwagiwa asidi.

Akarudi chuo, akamaliza mwaka 2017. Hiyo sehemu magazeti huipita haraka, lakini ni tamu sana. Unatoka na dhahabu ya Olimpiki, unarudi darasani kukaa na watu wanaolalamikia mtihani.

Ila hiki cheo cha "wa kwanza" nacho kina bei yake. Wenzake wanaulizwa kuhusu mechi, yeye anaulizwa kuhusu rangi. Wenzake wakifungwa wamefungwa, yeye akifungwa anahisi ameangusha watoto asiowajua. Na mambo madogo hayaishi, kama nywele. Klorini na nywele za kipilipili haziivi chungu kimoja, kila dada anayesoma hapa anajua. Mwaka 2021 kampuni ya Soul Cap iliomba kofia zake za nywele nyingi zikubaliwe kwenye mashindano makubwa ya kuogelea, shirikisho la dunia likakataa, kwamba hazifuati umbo la asili la kichwa. Kichwa cha nani? Baada ya kelele nyingi zikaja kukubaliwa Septemba 2022. Wota polo wana kofia zao zenye vikinga masikio, za kufunga na kamba kidevuni, kwa hiyo yeye hilo zuio halikumgusa moja kwa moja. Lakini binti mdogo anayetaka kuwa kama yeye anaanzia kwenye kuogelea, na pale mlangoni ndipo anapoambiwa nywele zako ni tatizo.

Tokyo ikafanyika 2021, majukwaa matupu kwa sababu ya korona, familia zote nyumbani mbele ya runinga. Walifungwa na Hungaria 10-9 kwenye makundi, watu wakashtuka. Fainali wakaibamiza Hispania 14-5. Dhahabu ya pili kwake, ya tatu mfululizo kwa timu.

Sasa mtu atasema basi huyu katajirika. Hapana bwana. Dhahabu moja Marekani wanalipa dola 37,500. Gawanya kwa miezi 48 ya kusubiri Olimpiki nyingine, ni kama dola 781 kwa mwezi, na California hiyo hata chumba hupati. Posho za mazoezi zipo, ila siyo za kujengea. Mei 2024 kapteni wa timu, mwanamke mwenye dhahabu tatu, alienda Instagram akasema ukweli: wanaolimpiki wengi wana kazi ya pili au ya tatu, yeye mwenyewe akiwemo, na timu inahitaji wadhamini ili watu wasafiri, wale na walipe kodi. Mabingwa wa dunia na Olimpiki wanaomba kwenye Insta!

Aliyejibu siyo benki wala kampuni ya simu. Ni rapa mkongwe wa Public Enemy, yule mzee anayetembea na saa kubwa ya ukutani shingoni. Akaandika kwamba yeye ni baba wa mabinti na atawadhamini. Watu wakacheka wakidhani ni kiki. Akasaini mkataba wa miaka mitano, akapewa cheo cha mshangiliaji rasmi, na Paris akatokea kweli, saa shingoni, anapiga kelele kando ya bwawa. Ukweli usemwe, wengi waliangalia wota polo kwa mara ya kwanza maishani kwa sababu ya huyo mzee.

Na Paris ndiyo ikawa chungu. Robo fainali dhidi ya Hungaria, kipa wetu aliokoa michomo 17, timu ikapita 5-4. Kumi na saba, kwenye mechi moja! Nusu fainali wakatoka 8-8 na Australia, wakatolewa kwa matuta. Mechi ya shaba Agosti 10, Uholanzi wakapata bao la ushindi sekunde za mwisho kabisa, 11-10. Tangu wota polo ya wanawake iingie Olimpiki, Sydney 2000, Marekani haikuwahi kurudi mikono mitupu. Wakarudi.

Mkataba wa yule mzee wa saa bado una miaka yake. Olimpiki ijayo ni 2028, kipa atakuwa na miaka 33, na safari hii michezo iko Los Angeles. California, kulekule alikosita kuhamia akiwa binti.