Giza na Mbalamwezi

Nyumbani kwetu Makoko kulikuwa na daftari moja ambalo sisi watoto hatukuruhusiwa kuligusa. Lilikuwa na jalada gumu, kurasa zake zilinuka dagaa na moshi, na mama alilihifadhi juu ya kabati, kando ya Biblia. Kila ukurasa ulikuwa na tarehe, idadi ya magunia, bei, na pembeni duara dogo. Kuna siku duara lilikolezwa wino mpaka likawa jeusi tii, na kuna siku liliachwa jeupe. Miaka mingi ilipita kabla sijatambua kwamba michezo yote ya uwekezaji niliyokuja kuicheza baadaye, ya ubaoni na ya kwenye simu, ilikuwa imekwisha kuandikwa humo.

Makoko iko kando ya Ziwa Victoria, ndani ya Manispaa ya Musoma. Mgeni atakutajia seminari, kambi ya jeshi, na chuo cha lugha ambako tangu miaka ya 1960 wamisionari na watu wa mataifa mengine wamekuwa wakijifunza Kiswahili. Sisi tuliokulia huko tunaanza na mwaloni, pale mitumbwi ya uvuvi inapotia nanga. Dagaa wa ziwani huvuliwa usiku kwa taa: zamani karabai za mafuta ya taa, siku hizi taa za betri na za sola. Lakini taa huwavuta dagaa pale tu usiku unapokuwa mweusi. Mwezi ukijaa, ziwa zima huwa jeupe, taa ya mvuvi hukosa nguvu na mitumbwi hupumzishwa. Ndiyo maana mwezi wetu una sehemu mbili ambazo kila mtoto wa pale anazijua kabla hajajua kusoma: giza na mbalamwezi.

Wakati wa giza dagaa walijaa mwaloni na bei ikaanguka. Mbalamwezi ilipoingia, bei ya waliokauka vizuri ilipanda. Mama alinunua wabichi gizani, akawaanika, akawafunga kwenye magunia, kisha akawauza mbalamwezi kwa wachuuzi wa Musoma mjini au akawapakia kwenye gari kwenda Kirumba Mwaloni, Mwanza, ambako wanunuzi hutoka mbali, wengine hata Kongo. Ukisikia hivyo utadhani ni biashara isiyoshindwa. Lakini hesabu ya giza na mbalamwezi ilijulikana na kila mtu, na bado nimeona akina mama wengi wakiishiwa mtaji. Tofauti ya mama ilikuwa hii: hakununua kwa fedha zake zote. Aligawa mtaji mafungu matatu. La kwanza lilikuwa la dagaa, la pili la mahindi na mihogo, na la tatu halikuguswa.

"Hilo la tatu ni la nini?" nilimuuliza siku moja.

"La kuamkia, mwanangu, siku hayo mawili yakilala."

Sikumwelewa. Nilikuwa mtoto, na mtoto huona fungu lisilofanya kazi kuwa ni uzembe.

Mwaka 2004, nikiwa darasa la tano, mjomba wangu aliyekuwa akitunza bustani ya chuo cha lugha alikuja na boksi aliloachiwa na mgeni aliyemaliza masomo yake ya Kiswahili. Ndani mlikuwa na ubao, noti za karatasi, nyumba ndogo za kijani na hoteli nyekundu. Ilikuwa Monopoly. Mitaa yake ilikuwa ya Atlantic City, Marekani, nasi tukaibatiza upya kwa mitaa ya kwetu. Boardwalk ikawa Mukendo, barabara kuu ya Musoma. Mitaa mitatu ya rangi ya chungwa tukaiita Nyasho, Iringo na Kitaji. Tulicheza chini ya mwembe mpaka noti zikachakaa, tukaanza kuzikata nyingine kwenye karatasi za madaftari.

Huko ndiko nilikoanza kufikiri kwa mbinu. Wenzangu walikimbilia Mukendo kwa sababu kodi yake ilikuwa kubwa kuliko zote. Mimi niligundua kwamba wachezaji huenda jela mara nyingi, na anayetoka jela kwa dadu mbili hupata sita, nane au tisa zaidi ya mara moja katika kila mara tatu. Hatua hizo sita, nane na tisa kutoka jela ndizo zinazomtua mtu kwenye mitaa ya rangi ya chungwa. Nikaacha Mukendo, nikashika Nyasho, Iringo na Kitaji. Tena nikagundua kwamba kodi huruka sana ukifikisha nyumba tatu, na kwamba boksi zima lina nyumba 32 tu. Aliyejenga nyumba tatu au nne kila mahali na kukataa kuzigeuza hoteli aliwafungia wengine njia ya kujenga. Nilishinda mara nyingi kiasi kwamba wadogo zangu walianza kukataa kucheza.

Nilipokuwa mkubwa nilisoma habari ya mchezo ule ikanigusa. Chanzo chake ni mwanamke Mmarekani, Lizzie Magie, aliyesajili mwaka 1904 mchezo alioupa jina la The Landlord's Game. Alitaka watu waone kwa macho yao jinsi mmoja akihodhi ardhi wengine wote hufilisika. Charles Darrow aliuuza mchezo uliotokana na huo kwa kampuni ya Parker Brothers mwaka 1935, na onyo likageuka shangwe. Nilikumbuka nyuso za wadogo zangu chini ya mwembe. Mbinu zangu zilikuwa sahihi kwa hesabu, lakini katika mchezo ule ushindi wangu haukuwa na njia nyingine isipokuwa wao kubaki mikono mitupu.

Mwaka 2008 soko lenyewe likabisha hodi mtaani kwetu. Soko la Hisa la Dar es Salaam lilikuwa limefanya biashara yake ya kwanza Aprili 1998, kampuni ya TOL ikiwa ya kwanza kuorodheshwa, lakini kwetu hisa zilikuwa habari za redioni. Benki ya NMB ilipouza hisa zake kwa umma kwa shilingi 600 kila moja, jirani yetu mwalimu alinunua. Alituonyesha karatasi yake, nasi tukaizunguka kama tulivyozunguka zile noti za Monopoly. Mama aliitazama kwa makini, akauliza swali moja: "Mwalimu, ukitaka kuuza, nani ananunua, na kwa siku ngapi?" Mwalimu akasema kuna dalali. Mama akaitikia kwa kichwa, akarudi kwenye dagaa wake.

Nikiwa chuo kikuu Mwanza nilikutana na mchezo nilioona umetengenezwa kwa ajili yangu. Mwaka 2014 Soko la Hisa lilianzisha shindano la wanafunzi, DSE Scholar Investment Challenge. Ulikuwa unajiandikisha, unapewa mtaji wa kubuni wa shilingi 1,000,000, kisha unanunua na kuuza kwa simu hisa za kampuni halisi kwa bei za soko halisi. Mwisho wa msimu, mwenye mali yenye thamani kubwa ndiye aliyekuwa mshindi. Nilijiunga mwaka 2015.

Mwaka ule wa kwanza nilicheza kama mchuuzi wa stendi. Kila asubuhi nilifungua simu, nikauza kilichoshuka, nikanunua kilichopanda. Nilidhani wingi wa mizunguko ndio ujuzi. Nilimaliza katikati ya orodha. Baadaye nikapiga hesabu: katika soko halisi, kila ununuapo na kila uuzapo hutozwa ada za dalali, soko na mamlaka inayolisimamia, jumla yake kama asilimia 2. Kuingia na kutoka mara moja ni karibu asilimia 4. Ukizungusha mtaji wako wote hivyo mara kumi bila bei kubadilika, karibu theluthi nzima ya fedha imekwenda. Niliandika hesabu hiyo ukurasa mzima, nikaibandika ukutani bwenini.

Mwaka 2016 nikarudi mtu mwingine. Nilijifunza kwanza kuzitenganisha kaunta, yaani hisa za kampuni moja moja, zinazouzwa kila siku na zile ambazo bei yake hukaa wiki nzima bila kutikisika. Katika mchezo wa miezi michache, bei isiyotikisika haikusogezi. Nilifuatilia taarifa za fedha za robo mwaka na matangazo ya gawio, nikawa nanunua kabla habari haijazoeleka. Nilipunguza mizunguko. Nikajifunza na hili: aliye mbele anatakiwa kumfuata aliye nyuma yake, ashike hisa zilezile, ili pengo lisizibike; naye aliye nyuma akishika hisa zilezile za kiongozi atabaki nyuma mpaka mwisho, kwa hiyo hana budi kwenda njia nyingine. Mbinu hizo zilinipandisha mpaka karibu na kilele. Aliyenipita ni mwenzangu wa bwenini aliyeweka kila shilingi kwenye kaunta moja na kungoja. Nilimpongeza kwa dhati, na moyoni nikasema: kumbe siri ni hiyo.

Siri ilikuwa hiyo kweli, kwa mchezo ule. Wanapocheza maelfu na akatakiwa wa kwanza tu, anayegawa mtaji wake kwa busara huishia sehemu ya kati, na kileleni hukaa mmoja kati ya wale waliotupa vyote mahali pamoja. Waliotupa vyote wakakosea huwasikii, kwa sababu milioni yao ilikuwa ya kubuni na msimu ukaisha.

Mimi nikaichukua siri hiyo nikaenda nayo kwenye fedha za jasho. Baada ya kuanza kazi niliweka akiba yangu yote, shilingi 600,000, kwenye kaunta moja. Miezi saba baadaye mama akaugua, akahitaji kupasuliwa. Niliagiza hisa ziuzwe. Siku ya kwanza hapakuwa na mnunuzi. Wiki ikaisha hapakuwa na mnunuzi. Kwenye shindano nilibonyeza na fedha ikarudi papo hapo. Katika soko halisi, hisa ni fedha pale tu mtu mwingine anapoitaka. Zilipouzwa hatimaye, ziliuzwa kwa bei ya chini, na mama alikuwa amekwisha kupasuliwa na kurudi nyumbani. Alilipiwa na fungu la tatu. Lile lililolala, ambalo utotoni nililiona uzembe, ndilo lililoamka.

Nilikaa kando ya kitanda chake nikalishusha daftari lile, naye hakunizuia. Nilisoma giza na mbalamwezi za zaidi ya miaka ishirini. Hakuna ukurasa uliokuwa na faida ya kushangaza. Kulikuwa na kurasa za hasara, tena nyingi. Lakini baada ya kila hasara, ukurasa uliofuata ulikuwa na tarehe, magunia na bei. Biashara haikukatika hata mwezi mmoja. Nilikuwa nimetumia nusu ya ujana wangu kutafuta mbinu ya kuwapita watu, nami nilikuwa nimelelewa na mtu aliyekuwa akicheza ili mwezi ujao awepo.

Tangu siku hiyo nawekeza hivyo. Nina hisa za kampuni tano, nanunua kidogo kila mwezi, sasa kwa simu bila hata kwenda kwa dalali, na fungu la kuamkia haliingii sokoni. Mwalimu jirani yetu hakuuza karatasi yake. Mwaka 2024 bei ya hisa ya NMB ilivuka shilingi 5,000. Yeye mwenyewe huwaambia vijana kwamba aliweza kungoja kwa sababu fedha ile haikuwa ya ada wala ya chakula.

Nawaambia hivyo nami, kwa kuwa nina wasiwasi nao. Vijana wa Makoko wana simu, na mchezo wa fedha walioufahamu kwanza ni kubeti. Kubeti kumewafundisha kwamba fedha ni jambo la dakika 90. Kwa hiyo nikirudi likizo tunacheza chini ya mwembe uleule mchezo niliouunda kwa karatasi ngumu. Kila mchezaji anaanza na shilingi za karatasi 300,000. Kuna kadi nyeusi za giza na kadi nyeupe za mbalamwezi, kuna dagaa, mahindi na hisa. Tunacheza miezi kumi na miwili, na yeyote aliyebaki na mtaji wake mwishoni ameshinda. Wanaweza kushinda wote. Mwanzoni waliona ajabu, wakauliza wa kwanza ni nani. Sasa nawasikia wakikumbushana: "Usimalize fungu lako, bado kuna miezi mitatu."

Desemba iliyopita mama alitoka ndani na kigoda chake, akakaa kutazama. Alifuata mizunguko yote kimya. Kisha akaokota kadi nyeusi, akaigeuza, akaigeuza tena.

"Mwanangu, mvua mmeiweka wapi?"

Sikuwa nimeiweka. Dagaa walioanikwa wakinyeshewa siku mbili huoza, na giza zuri kuliko yote hugeuka hasara. Nilikuwa nimeshughulika na bei, ambayo soko lolote linayo, nikasahau anga. Tulisimamisha mchezo. Kijana mmoja akakata kadi nane za karatasi, mama akashika kalamu, akachora kwenye kila moja mistari midogo ya kushuka, kisha akaziingiza katikati ya nyeusi na nyeupe.

"Changanyeni vizuri," alisema, "halafu mnigawie na mimi."