Tulianza na kaye, nyundo ikafuata



Wiki hii tunawaletea habari ya nyumba yetu. Si nyumba kubwa. Iko Kadutu, hapa Bukavu, juu ya kilima kama nyumba nyingi za kartie yetu: vyumba viwili vya matofali alivyojenga marehemu koko mwanaume, vyumba viwili vya mbao vilivyoongezwa kwa sababu ya watoto, na manjanja juu yake yote. Ndani tuko wanawake watatu: koko, bibi wa mtoto wake, na wifi. Kuna papa pia, na watoto watano. Tumekubaliana kuandika pamoja, kwa sababu yaliyotokea yalitupata wote.

Ilikuwa usiku wa mwezi wa nne, mvua ikinyesha tangu saa kumi. Mnajua baridi ya Bukavu wakati huo: tuko karibu mita 1500 juu ya bahari, na upepo unaotoka ziwani hauombi ruhusa kuingia katika nyumba ya mbao. Koko alikuwa mgonjwa wa kifua. Tukaziba nafasi za mbao kwa makartoni na magunia, tukafunga dirisha, tukaingiza mbabula yenye makala ndani ya chumba alichokuwa analala na wajukuu wawili. Tulikuwa tunamtendea mema, ndivyo tulivyofikiri.

Asubuhi mtoto mdogo hakuamka. Tulimuita, tulimtikisa, kichwa kikalegea. Mkubwa wake alikuwa anatapika. Koko alisema kichwa kinampasuka. Tuliwabeba mpaka kituo cha afya chini ya barabara, na muuguzi hakuuliza juu ya chakula wala malaria. Aliuliza kitu kimoja: "Mulilala na mbabula ndani?"

Mungu alitusaidia. Walipata hewa safi, wakatunzwa, mpaka jioni wakapata nguvu. Lakini muuguzi alitueleza jambo ambalo katika miaka yetu yote jikoni hakuna aliyetueleza vizuri. Makala yakishika vizuri hayatoi moshi mwingi, kwa hiyo tunaona kama hayana ubaya. Lakini yanatoa hewa ya monoksidi ya kaboni, isiyo na harufu wala rangi, ambayo inakamata nafasi ya oksijeni ndani ya damu. Mtu analala na hajui kwamba anakufa. Nyumba yenye nafasi kati ya mbao ilikuwa inatuokoa kila siku bila sisi kujua, na usiku ule tulikuwa tumeziba kila nafasi.

Hapo ndipo mpango wa kutengeneza nyumba ulipoanza.

Zamu yetu ya likelemba ilikuwa inakaribia: dola 480. Papa alikuwa amekwisha kuzipangia kazi. Alitaka batri mpya, paneli ya jua ya pili, na televizyo kubwa kidogo. Hatumlaumu. Umeme unapokatika siku tatu, kila mtu anaota jua. Lakini mwaka uliopita tulikuwa tumenunua paneli na batri bila kupima kitu, muuzaji akatuambia "itabeba nyumba yote", na baada ya miezi minane batri ikafa. Tulikuwa tumekata feza ya masomo ya trimesta moja kwa ajili yake. Safari hii tulimwambia papa: kabla ya kununua hata msumari, tuandike.

Tulichukua kaye ya mtoto iliyobaki nusu. Kwa wiki mbili tuliandika kila kitu kinachoingia katika nyumba na kuwaka au kumwagika: ndobo za makala, bidoni za maji tulizolipa, mishumaa, feza ya kuchaji simu kwa jirani, saa ambazo ampuli zinawaka. Kila mtoto mkubwa alipewa siku yake ya kuandika. Wiki ya kwanza tulicheka. Wiki ya pili tulinyamaza, kwa sababu tuliona feza yetu inakoenda. Umeme na mishumaa vilikuwa kidogo. Makala yalikula karibu nusu ya matumizi, na gunia moja halikufika siku 20. Maji yalifuata.

Tulijifunza jambo la pili kwa kaye hiyo: mambo ya nyumba yana mpangilio. Ukianza na la tatu kabla ya la kwanza, unaweza kuua mtu. Sisi tulianza kwa kuziba baridi wakati moto ulikuwa bado ndani. Kwa hiyo tuliandika upya, kwa namba.

Ya kwanza, moto utoke ndani. Tulijenga jiko nje, upande wa matofali, mbali na ukuta wa mbao. Nyote mnajua moto unavyokula nyumba za mbao hapa kwetu: ukianza kwa mmoja, avenue nzima inalala nje. Miti minne, manjanja ya zamani juu, pande mbili wazi ili hewa ipite, na chini tukaweka mawe na udongo. Fundi alituomba dola 70 pamoja na miti. Tukanunua na mbabula mbili zenye udongo ndani, zile zinazoshika moto muda mrefu, kwa dola 16.

Koko naye alitoa dawa yake, ya tangu kwao Kabare: maharagi yalale ndani ya maji usiku kucha, sufuria ifunikwe, na yakishachemka vizuri yatolewe motoni na kuwekwa katika kitunga kilichojaa majani makavu ya migomba na blanketi ya zamani juu. Yanaendelea kuiva yenyewe. Wifi hakuamini mpaka alipofunua saa sita mchana. Sasa gunia la makala linafika siku 30. Na mnajua makala yanatoka wapi. Miti ya Kabare na Kalehe inaisha, na mengine yanachomwa ndani ya Kahuzi-Biega, mbuga ambayo dunia nzima imeiandika kati ya urithi wake tangu 1980. Hatuwezi kusema tunapenda msitu huku tunaupika kila mchana kwa uzembe wa kutofunika sufuria.

Ya pili, maji. Hapa ndipo tulipogombana.

Jirani yetu wa chini ni mjane. Nyumba yake iko chini ya yetu, karibu mita nne. Kwa miaka mingi maji ya manjanja yetu yalikuwa yanashuka moja kwa moja juu ya ardhi, yanachimba, yanaingia nyuma ya ukuta wake. Alikuwa ametuambia mara mbili, kwa heshima. Tukasema "tutaona". Mwezi ule wa nne, wiki moja baada ya mambo ya mbabula, kipande cha ukuta wake kilianguka mchana. Watoto wake walikuwa masomo. Kama ingekuwa usiku, tungekuwa tunaandika habari nyingine.

Papa alisema: "Tunataka kutengeneza nyumba yetu, na feza yote inaenda kwa gutieri? Wageni wakija wataona nini?" Alikuwa amechoka, alisema kwa ukali. Sisi wawili tulinyamaza. Ni koko aliyejibu, na alimjibu polepole kama anavyomjibu tangu utoto: "Mtoto wangu, tukimwangushia mjane nyumba, tutamlipa na nini? Na ile televizyo?" Papa alitoka nje. Kesho yake, siku ya posho, alirudi na fundi wa gutieri.

Tuliweka gutieri upande mmoja wa paa, pamoja na tanki la lita 1000, juu ya msingi wa mawe. Vyote dola 190, kitu kikubwa kuliko vyote katika mpango. Lakini hesabu ni rahisi, na kila mama anaweza kuifanya: milimita moja ya mvua juu ya mita moja ya mraba ni lita moja ya maji. Upande wetu wa paa una mita 4 kwa 9, yaani 36. Mvua ya milimita 20 inaleta lita 720. Hiyo ni bidoni 36 za lita 20. Hata kikimwagika kidogo, ni bidoni nyingi ambazo wasichana wetu hawabebi tena kichwani. Maji ya kwanza tunayaacha yapite, yanaosha vumbi la manjanja. Yanayobaki ni ya kufulia, kuoshea vyombo na nyumba. Ya kunywa tunayachemsha. Tanki likijaa, bomba linapeleka maji mpaka mfereji wa avenue, si kwa jirani. Papa alisaidia pia kurudisha ukuta wa mama yule, kwa mikono yake na matofali tuliyokuwa nayo.

Ya tatu, baridi. Sasa moto ukiwa nje, tuliweza kuziba. Manjanja peke yake usiku yanapoa kama sufuria iliyotolewa motoni, na joto la watu linapanda na kutoka. Tuliweka plafo ya tripleksi katika chumba cha koko, dola 60, na tukaziba nafasi za mbao upande wa upepo. Juu, karibu na paa, tuliacha matundu mawili ya hewa kwa makusudi. Usiku wa baridi kali koko analala na bidoni ndogo ya maji ya moto iliyofungwa ndani ya kitenge. Haimdhuru mtu.

Ya nne, mwangaza. Vyumba vya mbao vilikuwa giza hata saa sita, tukawasha taa mchana. Tuliondoa manjanja mawili na kuweka mawili yenye kupitisha mwangaza, dola 30, tukapaka kuta za ndani chokaa iliyobaki. Tukabadilisha ampuli tano za zamani kwa ampuli za LED, dola 10. Ampuli ya wati 9 inaangaza kama ile ya zamani ya wati 60.

Ya tano ndiyo jua. Mtashangaa: iko mwisho. Tulipochukua kaye tukahesabu, ampuli tano za wati 9 kwa saa nne ni wati-saa 180. Televizyo ndogo ya wati 40 kwa saa nne ni 160. Tukiongeza simu na redio, tunakaribia 400. Paneli yetu ya zamani ya wati 100 bado nzima, na siku ya jua zuri inakaribia kutosha. Iliyokufa ni batri, na sisi ndio tuliiua: ilikuwa ndogo, tukainywa mpaka mwisho kila usiku. Batri ya aina ile haipendi kumalizwa. Ukichukua nusu unaiachia maisha. Na pasi ya umeme, ya wati 1000, haina nafasi pale. Pasi yetu itabaki ya makala, nje.

Kuna jambo dogo ambalo halikutuomba hata franga moja. Zamani chupa za plastiki tulizitupa katika mfereji, mvua ikazipeleka. Zinaenda wapi? Ziwani, na kutoka ziwani mpaka Ruzizi, kwenye bwawa linalotupatia umeme. Huko zinakusanyika na kuziba mitambo, wafanyakazi wanazitoa kwa mikono. Kwa hiyo tunapolalamika gizani, chupa zetu nazo zimo katika sababu. Sasa tuko na gunia nyuma ya jiko, na vijana wanaozikusanya wanapita kulichukua.

Jumla tumetumia dola 376. Zimebaki 104, ziko kwa koko, na papa mwenyewe ndiye aliyeomba zisiguswe mpaka zamu ijayo, tununue batri inayofaa. Vyumba vya mbao bado ni vya mbao. Televizyo bado ni ile ndogo. Mgeni akija haoni mengi. Lakini mtoto wetu anakimbia, koko anakohoa kidogo kuliko zamani, na mama wa chini alituletea sombe juzi, akaketi chini ya jiko letu mpaka mvua ilipokwisha. Aliangalia maji yanavyopita katika bomba, hakusema kitu, na sisi hatukumuuliza.

Wamama, msianze na fundi. Anzeni na kaye, wiki mbili tu. Andikeni makala, maji, taa, na mahali maji yenu ya mvua yanapoangukia. Halafu ulizeni kwanza: ni kitu gani ndani ya nyumba hii kinaweza kumuua mtu usiku huu? Hicho kiwe namba moja. Cha pili: nyumba yetu inamdhuru nani? Mengine yatafuata, kwa zamu za likelemba, polepole.

Na usiku wa leo, kama mvua itanyesha, mbabula ibaki nje.

Sisi wa nyumba ya koko, Kadutu