Kutoka Kufoka hadi Filamu

Miaka kadhaa iliyopita, tukifundisha fasihi kidato cha tatu, tulimnyang'anya mwanafunzi mmoja daftari lake. Mlikuwa na mistari ya muziki wa kufoka. Tulimwambia mbele ya wenzake kuwa hayo yalikuwa makelele ya mitaani, wala si ushairi. Hakubisha. Mwisho wa muhula tulimrudishia daftari, lakini hakutuonyesha tena alichoandika.

Tulilikumbuka daftari lile tulipoitazama filamu ya *The Burial of Kojo* ya mwaka 2018. Mtungaji na mwongozaji wake ni Blitz Bazawule, mzaliwa wa Accra, Ghana. Kabla ya hapo alijulikana kama mfokaji kwa jina la Blitz the Ambassador, akiishi Marekani na kutoa albamu kama *Native Sun* ya mwaka 2011 na *Diasporadical* ya mwaka 2016.

Filamu hiyo yasimulia habari za binti aitwaye Esi. Baba yake, Kojo, anaiacha nyumba yao katika kijiji kilichojengwa juu ya maji, anashawishiwa na ndugu yake kurudi mjini, kisha anakwama ndani ya shimo la dhahabu. Humo mna ndege mtakatifu, na kunguru anayemwinda. Aliyelelewa kwa hadithi za bibi kando ya moto hatahitaji kuelezwa mambo hayo. Muziki wa filamu aliutunga Bazawule mwenyewe. Hivyo mfokaji huyu hakuitupa sanaa yake ya kwanza; pumzi, mapigo na ufundi wa kusimulia alivichukua akaenda navyo kwenye kamera.

Lakini jambo lililotugusa zaidi ni njia aliyoipitia. Badala ya kungoja kampuni kubwa, alichangisha fedha kwa watu kupitia intaneti, akapiga picha zake nchini Ghana, akatumia waigizaji wa huko, na lugha ya Kitwi ikapata nafasi yake. Wahenga walisema nguo ya kuazima haisitiri maungo. Msanii anayetegemea fedha za mwingine huombwa abadili lugha, kisha abadili na hadithi yenyewe. Mwaka 2019 filamu hiyo ilianza kuonyeshwa na Netflix. Baadaye kampuni kubwa zilimwita mwenyewe: mwaka 2023 aliongoza *The Color Purple*.

Hatusemi kwamba kila mfokaji ni mshairi, wala kwamba kila daftari litazaa filamu. Mengi yatabaki kuwa majaribio ya ujana, na mwalimu hana budi kuyasahihisha. Lakini kosa letu halikuwa kusahihisha. Tulihukumu kabla ya kusoma. Utamaduni wa taifa haukui kwa kulindwa tu na wazee. Hukua pia pale kijana anapothubutu kuyasema ya kwao kwa chombo alichokipata.

Tukikutana na daftari jingine la namna ile, yatupasa kulifungua, kuketi na mwenyewe, na kumwomba atusomee.