Kiroba kilichoniumbua

Leo nakupa aibu yangu mwenyewe.

Sisi wa Kigogo, mto Msimbazi ndiyo jirani yetu. Unateremka kutoka vilima vya Pugu, unapita Vingunguti na Jangwani, unaingia baharini pale Daraja la Salender. Mafuriko ya Desemba 2011 yalitutoa mbio, nikiwa mdogo; godoro la mama likaelea kama mtumbwi. Nikauchukia mto kwelikweli.

Basi bwana, Jumamosi moja ya usafi mjumbe akatukusanya vijana, makoleo mkononi, tuzibue mtaro unaoshuka mtoni. Nikavuta kiroba kilichokwama, kikapasuka. Lahaula! Daftari langu la Fomu Foo, jina linasomeka. Nilikitupa mwenyewe usiku, nikadhani kimekwenda zake. Washikaji walicheka mpaka wakakaa chini.

Siku hizi taka zetu tunampa mzee wa mkokoteni. Mtaro unapita, jioni madogo wanacheza chandimu kwenye mchanga wa mtoni, nasi tunapiga stori pembeni.

Ila mama hakucheka. Aliniuliza tu: “Na lile godoro langu, mwanangu, lilizamishwa na nani?”

Mpaka leo sijamjibu.